Dawa ya kontrasti na figo: nani hasa aogope?

Mgonjwa wa kisukari au presha akiandikiwa CT scan yenye kontrasti, hofu humfikia kabla hajaonana tena na daktari. Jirani anamwambia dawa ile inaua figo. Fomu ya ridhaa nayo inataja figo. Dirishani anadaiwa kipimo cha kreatinini, taka ya damuni ambayo hupanda figo zikizidiwa, na hakuna aliyemweleza ni cha nini. Wapo wanaokunja karatasi zao na kurudi nyumbani bila kupimwa. Wapo pia wenye figo zilizochoka kweli, wanaochomwa dawa hiyo bila mtu yeyote kuwauliza swali lolote. Wote wawili wananihuzunisha, na chanzo cha yote mawili ni kimoja: hatari hii tumezoea kuielezea kana kwamba inamhusu kila mtu kwa kiwango kilekile. Haiko hivyo hata kidogo.

Tuanze na dawa yenyewe. Kontrasti ya CT scan ni maji angavu yaliyobeba iodini, yaleyale madini joto yanayotiwa kwenye chumvi ya mezani, ila hapa yamefungwa ndani ya molekuli kubwa zaidi. Atomi za iodini ni nzito na huzuia mionzi, hivyo popote damu inapopita panaonekana peupe kwenye picha: mshipa ulioziba, uvimbe ulioota mishipa yake wenyewe, ini lililopasuka baada ya ajali. Bila kontrasti, vitu vingi kati ya hivyo hubaki kijivu juu ya kijivu. Mtu mzima kwa kawaida huchomwa kati ya mililita 50 na 100 kwenye mshipa wa mkono. Atasikia joto likimtembea mwilini, ladha ya chuma mdomoni, na wengi hudhani wamejikojolea. Hali hiyo hupita ndani ya dakika chache na haina uhusiano wowote na figo.

Mwili hauivunji dawa hii. Unaitoa kama ilivyoingia, kwa njia ya mkojo. Figo zikiwa nzima, nusu yake huwa imeshatoka baada ya takriban saa mbili, na ikifika kesho yake imekwisha karibu yote. Figo ndizo mlango wake wa kutokea, ndiyo maana swali la figo lipo. (Ile dawa nyeupe nzito ya bariamu anayonyweshwa mtu ili kupiga picha ya tumbo haiingii kwenye damu, kwa hiyo haimo katika mjadala huu.)

Hofu yenyewe ina historia, na bila kuijua ni vigumu kuelewa kwa nini madaktari wa leo hawasemi lugha moja. Mwaka 1954 madaktari wa Denmaki waliandika kuhusu mgonjwa aliyeacha kabisa kupata mkojo baada ya kupigwa picha ya figo kwa kontrasti. Mgonjwa huyo alikuwa na mieloma, saratani ya seli za uboho ambayo yenyewe huziba mirija ya figo kwa protini. Zama hizo pia ilikuwa desturi kumnyima mgonjwa maji kabla ya picha ya aina hiyo, ili mkojo uwe mzito na picha itoke vizuri. Yaani figo zilizokuwa zimeshaumia zilikaushwa kwanza, kisha zikapewa kazi ya kutoa dawa kali.

Na dawa za wakati ule zilikuwa kali kweli. Mkusanyiko wa chembe zake ulikuwa mara tano hadi saba ya ule wa damu, kwa hiyo ziliyavuta maji kutoka kwenye seli na kuchoma mishipa kiasi kwamba wagonjwa waliochomwa kwenye ateri, yaani mshipa unaopeleka damu kutoka moyoni, walipata maumivu makali. Daktari mmoja wa radiolojia huko Malmö, Uswidi, Torsten Almén, alikataa kuyachukulia maumivu hayo kama jambo la kawaida. Mwishoni mwa miaka ya 1960 alitoa wazo la molekuli isiyogawanyika kuwa chembe mbili inapoingia kwenye maji. Kampuni ya Nyegaard ya Norwei ikalifanyia kazi, na mwaka 1982 ikaingiza sokoni iohexol, ambayo mpaka leo ni miongoni mwa kontrasti zinazotumika zaidi duniani. Mkusanyiko wake ni mara mbili au tatu tu ya damu. Baadaye ikaja iodixanol, ambayo iko sawa na damu. Sehemu kubwa ya sifa mbaya ya kontrasti ni urithi wa zile dawa za kwanza, ambazo hospitali nyingi zimeacha kuzichoma kwenye mishipa miaka mingi iliyopita.

Hata hivyo dawa mpya si maji ya kunywa. Ndani kabisa ya figo kuna eneo ambalo siku zote huishi kwa hewa kidogo ya oksijeni huku likifanya kazi nzito ya kurudisha chumvi mwilini. Kontrasti hubana kwa muda mishipa midogo inayolilisha eneo hilo, huufanya umajimaji wa kwenye mirija kuwa mzito, na seli za mirija nazo huguswa moja kwa moja. Figo yenye akiba ya kutosha hulivumilia hilo bila hata kuonyesha dalili. Figo iliyobakiwa na akiba ndogo inaweza kushindwa. Ikishindwa, kreatinini hupanda ndani ya siku moja au mbili, hufika kileleni kati ya siku ya tatu na ya tano, kisha kwa wengi hurudi ilipokuwa ndani ya wiki moja au mbili. Wachache hawarudi.

Kwa hiyo utaratibu wa madhara unajulikana na unaeleweka. Kilichokuja kutikisika ni hesabu ya wanaodhurika.

Kwa miongo mingi watafiti walifanya hivi: wakachukua wagonjwa waliochomwa kontrasti, wakapima kreatinini kabla na baada, na kila aliyepanda wakamhesabia kontrasti. Tatizo ni kwamba mtu hapelekwi CT scan akiwa mzima. Anapelekwa akiwa na maambukizi yaliyosambaa kwenye damu, au amepoteza damu nyingi, au moyo wake unasuasua, au ametapika siku tatu, au yuko kwenye jentamaisini, antibiotiki inayoweza kuumiza figo. Kila moja kati ya hayo hupandisha kreatinini peke yake. Jogoo likiwika lisiwike, kutakucha. Ili ujue kama jogoo ndiye aliyeleta asubuhi, inabidi uwatazame pia wale ambao jogoo wao hakuwika.

Mwaka 2008 Jeffrey Newhouse na wenzake wa New York walifanya hivyo. Walichambua kumbukumbu za wagonjwa zaidi ya 32,000 waliolazwa hospitalini na ambao hawakuchomwa kontrasti yoyote. Zaidi ya nusu yao kreatinini ilibadilika kwa asilimia 25 au zaidi, kupanda au kushuka, ndani ya siku chache tu. Kama wangekuwa wamechomwa kontrasti, wengi kati ya waliopanda wangeandikwa kuwa wahanga wake. Mwaka 2013 timu mbili za Marekani, moja ya Mayo Clinic na nyingine ya Chuo Kikuu cha Michigan, zililinganisha makundi makubwa ya waliopigwa CT scan kwa kontrasti na waliopigwa bila kontrasti, wakioanisha wagonjwa wanaofanana kwa umri, magonjwa na hali ya figo. Timu ya Mayo haikuona tofauti yoyote kati ya makundi hayo. Timu ya Michigan iliona hatari, lakini kwa wale tu ambao figo zao zilikuwa zimeshuka sana.

Utafiti wa aina hii una udhaifu wake, na ni haki kuusema. Daktari mwangalifu akimwona mgonjwa ana figo mbaya sana, hampi kontrasti. Hivyo kundi la waliochomwa linaweza kuwa na watu wenye afya bora kidogo kuliko linavyoonekana kwenye karatasi. Jaribio la kuamua kwa bahati nasibu nani achomwe na nani asichomwe, ilhali wote wanaihitaji picha ileile, ni gumu kulitetea kimaadili. Kwa hiyo tumebaki na ushahidi mzuri ambao si kamili.

Mwaka 2020 chama cha wataalamu wa radiolojia cha Marekani, ACR, na taasisi ya taifa ya figo ya nchi hiyo walikaa pamoja na kutoa tamko la pamoja. Hapa inabidi nitaje eGFR, namba inayokadiria figo zako zinachuja mililita ngapi za damu kwa dakika. Kijana mzima huwa karibu na 100 au zaidi. Kwa mujibu wa tamko lile, kwa kontrasti ya kuchomwa kwenye vena (mshipa unaorudisha damu moyoni, kama ule wa mkono), hatari ya figo kuumia kwa sababu ya kontrasti yenyewe ni karibu na sifuri kwa mwenye eGFR ya 45 au zaidi. Kati ya 30 na 44 ni asilimia 0 hadi 2. Chini ya 30 ni asilimia 0 hadi 17, upana unaoonyesha kwamba hapo wataalamu wenyewe hawajakubaliana. Wanaopaswa kuchukuliwa tahadhari ni wenye eGFR chini ya 30 ambao hawajaanza kusafishwa damu, pamoja na wale ambao figo zao zimeumia ghafla siku hizi hizi, namba yao iwe yoyote.

Kisukari peke yake hakimo katika orodha hiyo. Wala presha. Magonjwa hayo ni sababu ya kupima figo kabla ya kuchomwa, kwa kuwa ndiyo yanayoongoza kwa kuzichosha. Lakini mwenye kisukari ambaye vipimo vyake vinaonyesha figo nzima hana sababu ya kuikimbia CT scan anayoihitaji, na hili natamani lingesemwa wazi zaidi katika kliniki zetu.

Kuna mtego katika kusoma kipimo. Maabara nyingi hutoa kreatinini peke yake, na kreatinini hutokana na misuli. Chukua kijana wa kiume wa miaka 25 na bibi wa miaka 75, wote wana kreatinini ya 1.2, au 106 kwa maabara zinazotumia mikromoli kwa lita. Kwa hesabu mpya ya mwaka 2021, kijana ana eGFR ya takriban 86. Bibi ana 47. Karatasi ni moja, namba ni moja, figo ni mbili tofauti kabisa. Mzee aliyekonda, mgonjwa wa saratani au mtu aliyelala kitandani kwa miezi anaweza kuwa na kreatinini "ya kawaida" huku figo zake zimebaki nusu. Ukipewa kreatinini, omba wakukokotolee eGFR. Inahitaji umri na jinsia tu, na simu ya mkononi inatosha.

Kwa watu wa huku kwetu kuna jambo la ziada. Hesabu za zamani zilikuwa na kizidisho cha kuongeza namba kwa watu weusi, kilichotokana na data za Wamarekani, na kilifanya figo za Waafrika zionekane bora kuliko zilivyo. Hesabu ya 2021 imekiondoa. Mwaka 2022 ulichapishwa utafiti uliopima figo za watu nchini Uganda, Malawi na Afrika Kusini kwa njia ya uhakika zaidi, ukabaini kwamba hesabu zinazotegemea kreatinini bado huzipa figo alama za juu kuliko uwezo wake halisi. Na njia hiyo ya uhakika ilikuwa nini? Walichomwa iohexol kidogo, kisha ikapimwa kasi ambayo figo ziliitoa kwenye damu. Kontrasti ileile inayoogopwa ndiyo iliyotumika kuwa rula ya kupimia figo. Ninachojifunza hapo ni kwamba mtu anayekaribia 30 kwa hesabu ya karatasi asihesabiwe kuwa salama kwa sababu ya pointi tatu au nne.

Mambo hubadilika pale dawa inapopitishwa kwenye ateri, kama kwenye vipimo vya mishipa ya moyo vinavyofanywa katika taasisi kama ile ya Jakaya Kikwete pale Dar es Salaam. Katika baadhi ya taratibu hizo kontrasti hufika kwenye figo ikiwa bado haijachanganyika sana na damu, na kiasi chake kinaweza kuwa kikubwa, hasa daktari akiamua kuzibua mshipa palepale. Zaidi ya hapo, mrija unaopitishwa kwenye ateri kuu unaweza kubandua vipande vya mafuta vilivyoganda ukutani vikaenda kuziba mishipa ya figo, na mgonjwa mwenyewe mara nyingi amekuja na shambulio la moyo, presha imeshuka. Figo huumia zaidi katika kundi hili. Kugawanya lawama kati ya kontrasti, mafuta na moyo ni kazi ngumu, lakini mgonjwa ana haki ya kumwomba daktari atumie kiasi kidogo kinachotosha.

Kinga ni nini basi? Kwa muda mrefu wagonjwa walipewa vidonge vya asetilisisteini na dripu za sodiamu baikaboneti. Jaribio kubwa lililoitwa PRESERVE, la wagonjwa zaidi ya 5,000, lilionyesha mwaka 2018 kwamba vidonge havikuwa bora kuliko vidonge visivyo na dawa, na baikaboneti haikuishinda dripu ya kawaida ya chumvi. Mwaka mmoja kabla yake, jaribio la AMACING la Maastricht, Uholanzi, lilikwenda mbali zaidi. Kati ya wagonjwa 660 wenye eGFR ya 30 hadi 59, waliotundikiwa dripu na wasiotundikiwa waliumia figo kwa kiwango kilekile, chini kidogo ya asilimia 3. Waliopata madhara ni watu wa dripu: takriban watano katika kila mia walipata matatizo yaliyotokana na maji hayo, kama moyo kuzidiwa. Kwa hiyo dripu ya chumvi imebaki kwa wale wa chini ya 30 na wenye figo zilizoumia ghafla, nao wapewe kwa kuangalia moyo. Wengine wote wanywe maji kama kawaida na wasishinde na kiu. Kama umeambiwa ufunge kula, uliza waziwazi kama na maji yamekatazwa, kwa sababu wengi hujinyima maji tangu jioni bila kuagizwa.

Dawa ambazo nina wasiwasi nazo zaidi ni zile zinazonunuliwa bila cheti. Diklofenaki na ibuprofeni hubana mshipa unaoingiza damu kwenye figo, na mtu mwenye maumivu ya mgongo anaweza kuwa amezimeza kwa wiki tatu kabla ya kuja kupiga picha ya mgongo huohuo. Hataji, kwa sababu kwake hizo si dawa, ni za maumivu tu. Zitaje. Taja pia dawa za kukojosha, sindano za jentamaisini na dawa za mitishamba. Kwa mwenye figo dhaifu, kuacha diklofenaki kunaweza kumsaidia kuliko kinga yoyote ya hospitali.

Metformini ni kisa kingine. Wagonjwa wa kisukari huambiwa waiache, wakadhani kwamba inagombana na kontrasti. Metformini haiharibu figo. Kinachohofiwa ni kwamba figo zikisimama, metformini itajikusanya na damu itajaa asidi. Kwa hiyo mwongozo wa ACR unataka isimamishwe kwa saa 48 kwa mwenye eGFR chini ya 30, mwenye figo zilizoumia ghafla, na katika baadhi ya taratibu za ateri, kisha irudiwe baada ya kupima figo tena. Mwingine anaendelea nayo. Kumwachisha kila mtu huishia na sukari kupanda bila faida.

Aliyekwisha kuanza kusafishwa damu na hapati tena mkojo hana figo ya kulindwa dhidi ya kontrasti, na hahitaji kukimbizwa kwenye mashine mara tu baada ya picha. Ratiba yake ya kawaida inatosha. Kama bado anapata mkojo, azungumze na daktari wake wa figo, maana hata mkojo mdogo uliobaki una thamani kwake.

Hadi hapa nimezungumzia CT scan. MRI hutumia kontrasti nyingine, gadoliniamu, na hadithi yake imegeuka kichwa chini. Mwishoni mwa miaka ya 1990 huko California walianza kuonekana wagonjwa wa figo ambao ngozi yao ilikuwa ikikakamaa kama ubao hadi viungo vikashindwa kukunjuka. Kwa wengine ugonjwa ulifika kwenye moyo na mapafu. Mwaka 2006 daktari wa Austria, Thomas Grobner, aliunganisha ugonjwa huo na gadoliniamu. Hapa figo haziumizwi na dawa. Zinashindwa kuitoa, na katika aina dhaifu za molekuli, gadoliniamu hufunguka kutoka kwenye kifungo chake na kuzama kwenye ngozi. Baada ya onyo kutolewa na aina hizo kuachwa kwa wagonjwa wa figo, ugonjwa umekuwa adimu kabisa. Aina za sasa zilizofungwa kwa pete ya molekuli ni salama zaidi kwa mbali, hata kwa figo dhaifu. Mgonjwa wa figo anayekwenda MRI aulize tu: mnatumia aina gani?

Ukanda wa pwani kuna imani nyingine inayowanyima watu vipimo, kwamba anayewashwa akila kamba au kaa asichomwe kontrasti kwa kuwa vyote vina iodini. Mzio wa kamba unatokana na protini ya misuli yake, iitwayo tropomayosini. Iodini haihusiki. Kinachopaswa kutajwa ni kama uliwahi kuchomwa kontrasti na ukavimba, ukabanwa pumzi au ukapata vipele. Hilo ni suala la mzio, tofauti na figo, na lina maandalizi yake.

Kuna dharura ambazo mjadala wote huu husubiri nje. Mtu aliyepooza upande mmoja asubuhi hii, anayeshukiwa kuwa na damu iliyoganda mapafuni, au ambaye ateri kuu inachanika, haifai kucheleweshwa kwa sababu jibu la kreatinini halijatoka maabara. Magonjwa hayo yanaweza kuua ndani ya saa chache. Figo iliyoumia kwa kontrasti mara nyingi hupona. Hata mwenye eGFR chini ya 30 anaweza kuchomwa pale ambapo picha ndiyo itakayoamua uhai wake, na daktari anayefanya hivyo hajamdharau mgonjwa. Pasipo haraka, ni sawa kuuliza kama altrasaundi au CT scan bila kontrasti ingejibu swali lilelile, maana kwa mawe ya figo, kwa mfano, kontrasti haihitajiki kwa kawaida.

Na picha ikishapigwa, mwenye figo dhaifu apimwe kreatinini tena baada ya siku mbili hivi, wala asikubali kuruhusiwa bila tarehe ya kipimo hicho. Akiona mkojo umepungua sana, miguu imevimba, au kichefuchefu na kubanwa pumzi vinaanza, arudi hospitali siku hiyohiyo akiwa na karatasi yenye jina la kontrasti na kiasi alichochomwa. Karatasi hiyo aiombe kabla hajatoka kwenye chumba cha mionzi.